Siku Sikitu Alipoacha Kucheua

Mtaa mzima wa Ramadhani, pale Njombe mjini, ulimwita Feliciana "Mama Kesho", naye aliitika bila kinyongo. Ukimwomba jembe, atakupa saa hiyo hiyo. Ukimwomba uamuzi, jambo linalotaka ndiyo au hapana, atakutazama, atavuta khanga mabegani kwa sababu ya baridi, halafu atasema, "Nitakujibu kesho." Na kesho anajibu kweli. Hilo ndilo lililowaudhi watu zaidi, maana mtu anayejibu huwezi kumwita mzembe.

Marehemu mumewe, Yoeli, aliyekuwa mpasua mbao kule Matembwe, alipomposa alisubiri tangu ulanzi, pombe ya mianzi, unaanza kugemwa hadi mianzi ikakauka kabisa. Aliwaambia rafiki zake kwamba amechumbia mlima. Yoeli alipoangukiwa na mti, ndugu zake walikaa mkeka mmoja wakamwuliza mjane kama anabaki pale au anaondoka. Akaomba kesho. Asubuhi yake walimkuta ameshafunga mizigo, mtoto wake Yonathani amekaa juu ya gunia la viazi, wanasubiri gari la mbao liwashushe Njombe. Hakuna aliyebishana naye. Ungebishana nini na mtu ambaye ameshamaliza kubishana na nafsi yake usiku kucha?

Sasa Yonathani ni mtu mzima, ana duka la matairi Makambako, pale njia panda malori yanapopumzika. Yeye ndiye aliyemnunulia mama yake ng'ombe wa maziwa, mweusi mwenye baka jeupe begani, na Feliciana akampa jina la Sikitu.

Alasiri, Sikitu akishashiba na kulala chini bandani, Feliciana aligeuza ndoo, akaikalia nyuma ya hori, akasikiliza. Umewahi kumsikiliza ng'ombe anapocheua? Kwanza kimya. Halafu unaona donge linapanda shingoni kutoka chini kwenda juu, kama fuko anayepita chini ya udongo, na taya linaanza kusaga, taratibu, upande huu na upande ule. Akimaliza anameza, anatulia kidogo, donge jingine linapanda. Feliciana naye hapo ndipo alipofikiria mambo yake. Alirudisha maneno aliyoambiwa mchana, moja moja, akayatazama upya. Neno lililoonekana tamu mchana, jioni mara nyingi lilikuwa na mchanga ndani yake.

Hakujua kama kuna watu wengine duniani waliowahi kuviweka vitu hivyo viwili pamoja, kucheua na kufikiri, mpaka siku jumuiya ilipokutana uani kwake na Mchungaji Enoki akafundisha. Somo lilikuwa la wanyama safi na wanyama najisi, kwenye Mambo ya Walawi, yule mwenye kwato zilizopasuka na kucheua. Mchungaji alikuwa amesoma, na alipenda maneno kama watoto wanavyopenda mabuyu. Akawaeleza kwamba Warumi wa kale, watu wa Kilatini, koo na tumbo la kwanza la ng'ombe waliliita rumen, na kucheua wakakuita ruminare. Baadaye, mtu wao akikaa kimya akilirudia jambo moja kichwani, walimsema kwa neno hilo hilo, ruminare, kwamba anacheua. Waingereza wakalichukua, wakasema ruminate, na leo linamaanisha kutafakari kwa kina. Neno letu kutafakari, alisema, lilitoka kwa Waarabu, halina ng'ombe ndani yake. La Kilatini linaye, ukilifungua unamkuta amelala.

Akina mama walicheka. Idda, jirani wa upande wa juu, ndiye aliyelimalizia.

"Basi, Mchungaji, Mama Kesho ana matumbo manne. Ndiyo maana jibu linachelewa kufika."

Kicheko kikazidi, na Feliciana mwenyewe alicheka hadi akafuta machozi. Mchungaji akaongeza kwamba mnyama wa namna hiyo hula haraka akiwa mahali pa wazi, kwa kuogopa simba, anameza bila kutafuna. Akishafika mahali salama ndipo anarudisha na kutafuna vizuri. Halafu akauliza, kama mwalimu anayeuliza swali rahisi, ng'ombe akiacha kucheua inakuwaje.

"Anakufa," alisema Feliciana.

Nyuma ya ukuta wa mabanzi Sikitu alikuwa anasaga. Wimbo ukaanzishwa.

Huyo Idda, au Mama Rejoice, inabidi umjue vizuri. Alikuwa mjane kama Feliciana, mcheshi, mwenye ulimi mwepesi, na shamba lake la miparachichi lilikuwa limestawi kuliko yote ya mtaa ule. Miti ya wengine ilidondosha maua, ya kwake ikazaa. Wanunuzi walipokuja na kreti zao walianzia kwake. Mwaka uliotangulia, nguruwe wa jirani mmoja walipokufa wote kwa mpigo, jina la Idda lilipita bombani, pale wanawake wanapochota maji. Halikusemwa kwa sauti. Lilipita tu, kama mtu anayepita uani kwako bila kupiga hodi. Na kila mtu alikuwa na habari ya bibi mmoja aliyedhaniwa mchawi, kijiji cha mbali, ambaye watu walikwenda kwake eti kumwuliza tu, na wakati wanaondoka nyumba yake ilikuwa inawaka. Kwa hiyo Idda alikuwa anatania na kucheka, lakini jioni alifunga mlango mapema.

Julai ile baridi ilikuja na barafu. Asubuhi majani yalikuwa meupe, jua lilipopanda yakawa meusi. Mabingobingo ya Feliciana, majani aliyomlishia Sikitu, yaliungua yote. Alikuwa akizunguka na panga na kamba kandokando ya barabara akikata chochote chenye kijani, na anarudi na mzigo ambao hata sungura angeudharau. Idda alimwona. Yeye alikuwa ameshapogolea miti yake, matawi yamelala chini na majani yake mapana, mabichi, yanang'aa.

Alimwambia achukue yote, matawi yawe kuni na majani ampe Sikitu, maana yakibaki shambani yanamzibia njia tu. Tena akamsaidia kubeba, akaingia naye mpaka bandani, wakashusha mzigo pamoja. Sikitu alikuwa na njaa. Alikula bila kuinua kichwa, na Idda akampiga kofi la upendo mgongoni, akasema ng'ombe huyu anakula kama mpasua mbao.

Siku iliyofuata maziwa yalipungua. Siku ya pili yakatoka machache, membamba, na kiwele kikawa kigumu kama udongo uliokauka. Asubuhi ya siku ya tatu Sikitu alikuwa amesimama kona ya banda, shingo imenyooshwa mbele, uvimbe umening'inia chini ya taya mpaka kifuani, na anapumua kwa nguvu kama mtu aliyepanda mlima. Taya lilikuwa limetulia.

Bwana mifugo, kijana anayeitwa Justine, alikuja kwa pikipiki. Alitega sikio ubavuni upande wa kushoto, akabonyeza kwa ngumi, akasubiri, akabonyeza tena. Akasema tumbo limenyamaza. Akauliza amekula nini.

"Majani yale yale," alijibu Feliciana.

Justine alichoma sindano, akasema atarudi jioni, akaondoka, kwa sababu simu yake ilikuwa inaita kutoka upande mwingine.

Halafu ikaita simu ya Feliciana. Ilikuwa Makambako. Yonathani alisikiliza, hakusema pole. Yeye hasira yake haikuwahi kupiga kelele, ilishuka chini ikawa nzito.

"Nani aliingia bandani?"

"Hakuna, mwanangu."

"Mama. Ng'ombe mzima haanguki hivi hivi. Nitajie jina tu."

Feliciana alikuwa anamtazama Sikitu. Mate marefu yalikuwa yanashuka mdomoni mwa ng'ombe yule na kugusa sakafu, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake hakuomba kesho.

"Ni Idda tu. Aliingia juzi."

Upande wa pili palikuwa na kelele za malori, kisha Yonathani akasema, "Nakuja. Usimwambie kitu," na simu ikakatika.

Feliciana alibaki ameishika sikioni. Neno lilikuwa limetoka. Lilikuwa dogo, na lilikuwa la kweli, Idda aliingia kweli. Lakini sasa lilikuwa ndani ya gari, barabarani, linakuja. Kutoka Makambako hadi Njombe si mbali, lami nzuri, na Yonathani haendeshi polepole.

Aligeuza ndoo akaikalia nyuma ya hori, kama kawaida yake, ingawa ilikuwa bado asubuhi. Hakukuwa na kusaga, ila ile pumzi tu. Akajaribu kufikiri na akaona hawezi. Ilikuwa kama kujaribu kucheza ngoma ambayo mpigaji amekwenda zake. Juu, ng'ambo ya uzio, alimsikia Idda anaimba pambio la kanisani huku akipiga jembe. Sauti ile ilimuumiza kuliko pumzi ya ng'ombe.

Basi akaanza kurudisha kwa nguvu. Idda aliingia, Idda akampiga ng'ombe kofi mgongoni. Akayatafuna hayo, hayakuwa na kitu. Akarudi nyuma zaidi, kwa Justine. Amekula nini? Majani yale yale. Hapo akasimama. Jibu lile alikuwa amelimeza zima zima, bila kulitafuna, kama mnyama aliye mahali pa wazi. Yale yale yapi? Mabingobingo yaliungua. Aliinama akaingiza mkono kwenye hori. Chini kabisa palikuwa na majani mapana yaliyosinyaa, na alipoyaponda viganjani yalitoa harufu kama ya binzari iliyokaa.

Akampigia Justine. Alipotaja mparachichi, kijana alimkatiza.

"Mama, hayo ni sumu kwa ng'ombe. Usimpe tena hata jani moja."

"Atapona?"

"Nitakuja jioni," alisema Justine. Feliciana akaelewa.

Akampigia Yonathani. Iliita mpaka ikajikata. Akapiga tena, ikawa haipatikani. Akaikalia tena ile ndoo, na safari hii akili ilikwenda, tena ilikwenda mahali asipopapenda. Alikuwa ameupata ukweli, lakini Idda alikuwa ndani ya ukweli ule. Niliyakata kwa Idda. Idda alinipa. Idda alisema mpe Sikitu. Alilisikiliza kila neno kwa masikio ya Yonathani, na kwa masikio ya watu ambao Yonathani angekuja nao, na hakuna hata moja lililotoka salama. Jirani mwenye miti inayozaa ajabu amempa mwenzake majani ya sumu kwa mkono wake. Nani angesubiri kusikia kwamba hakujua? Hata Feliciana mwenyewe, aliyezaliwa kwenye ng'ombe na kuzeekea humo humo, hakujua. Miti hii ilikuja juzijuzi tu na wanunuzi wake. Bibi zao hawakuwahi kuiona, kwa hiyo hawakuacha onyo lolote juu yake.

Pikapu ilifika ukungu ukiwa haujaisha vizuri. Yonathani alishuka na wanaume wawili wa pale dukani kwake, wenye makoti mazito, mmoja bado anaongea na simu. Feliciana alikuwa ameshasimama langoni, kwenye njia inayopanda kwa Idda.

"Kamwene, mama," alisalimu Yonathani, akataka kupita.

"Kamwene. Simama kwanza. Ni majani ya mparachichi. Nimempa mimi, Justine amesema ni sumu."

Yonathani alimtazama. "Wewe una miparachichi?"

"Sina."

"Yametoka wapi?"

Feliciana, mzee wa kanisa, mwanamke ambaye mtaa mzima ungempa nyumba yake aitunze, alivuta khanga mabegani.

"Niliyaiba."

Yule mwenye simu alishindwa kujizuia, akacheka puani. Mwenzake akatazama chini. Yonathani hakucheka. Alikuwa anamfahamu mama yake tangu akiwa juu ya lile gunia la viazi, na alijua kwamba hajawahi kumjibu mtu haraka hivyo.

"Kwa nani?" aliuliza, pole pole.

Kabla hajajibu, wakasikia hodi kutoka juu. Idda alikuwa anateremka kwenye njia ile ile, mzigo mkubwa wa majani mabichi kichwani, mikono yote miwili imeushika, uso hauonekani vizuri.

"Mama Yonathani! Nimekuletea mengine. Na mbuzi wangu nimewagawia asubuhi hii, wameyafakamia hao, utadhani wamealikwa harusini."

Alipowaona wageni alisimama. Bandani Sikitu alikohoa. Feliciana aliona macho ya mwanawe yakitoka kwenye mzigo, yakaenda kwa Idda, yakarudi kwake yeye, mwizi wa uongo. Yule mwanaume mwenye simu aliiweka mfukoni akasogea hatua moja mbele.

Yonathani akanyoosha mkono kumzuia. Alikuwa ameuma meno, na misuli ya taya lake ilikuwa inapanda na kushuka. Alichukua muda. Feliciana alimwangalia akirudia, kama yeye anavyorudia, maneno yale: mbuzi wangu, nimewagawia, asubuhi hii. Anayetega mtego hawezi kuwaingiza mifugo yake mwenyewe ndani.

"Mama Rejoice," alisema hatimaye, kwa sauti ambayo haikuwa ya hasira tena, "tupa huo mzigo. Kimbia ukawanyang'anye mbuzi wako."

Ikabidi Feliciana aeleze, na Idda alipoelewa mzigo ulimtoka wenyewe kichwani. Akakimbia kurudi juu, kandambili moja ikabaki njiani.

Sikitu alianguka alasiri, kabla Justine hajafika. Yonathani na wanaume wake walichimba shimo nyuma ya banda, refu, kwa sababu Justine alikataza nyama isiliwe wala isitolewe. Mbuzi mmoja wa Idda alikufa siku ile ile, wengine walitapatapa wakabaki.

Wakati wa kunawa mikono, Yonathani alimwambia mama yake jambo ambalo alilitoa kwa shida. Kuna watu alikuwa ameshawaambia kwamba ni Idda. Njiani, kwa simu, yeye na wenzake. Ndugu, rafiki, jamaa fulani wa hapo hapo mtaani. Aliwapigia wote tena mbele yake, mmoja mmoja, akawaeleza kwamba ni majani, kwamba mama wa watu hana kosa. Simu ilikuwa imewekwa sauti kubwa. Wote walisema, "Sawa, sawa kaka." Walisema upesi sana. Feliciana aliwasikiliza, na hiyo sawa yao ndiyo aliyobaki nayo usiku huo.

Asubuhi, bombani, ndoo zilikuwa zimepangwa kwenye mstari kama siku zote. Idda alipokuja na ya kwake akaiweka chini, mwanamke aliyekuwa mbele alivuta ndoo yake pembeni. Aliyefuata naye akavuta. Waliendelea kuzungumza habari za baridi. Feliciana alibeba ndoo yake kutoka mbele kabisa ya mstari, akaenda kuiweka pale, ikagusana na ya Idda. Hakuna aliyemfuata.

Alasiri, ile saa aliyokuwa na kazi ya kukaa nyuma ya hori, alipanda kwa Idda. Walikaa jikoni, karibu na moto, mlango umefungwa ingawa kulikuwa bado na mwanga. Idda alimmiminia chai ya rangi. Feliciana hakuinywa. Alisema alichokuja kusema, hakuomba kesho.

"Jina lako nilimpa mimi. Yonathani aliniuliza, nikakutaja."

Idda aligeuza kuni moja mekoni, akaisukuma ndani.

"Nilijua," alisema. "Nilipomwona mwanao anavyonitazama, nilijua."

Kitu kikadunda juu ya bati, kizito, kikabiringika polepole kuteremka hadi ukingoni, kikaanguka nje. Wote wawili waliinua macho, wakasubiri. Hakukuwa na hatua za mtu, wala sauti.

"Parachichi hilo," alisema Idda, "limeiva."

Feliciana alisogeza kigoda chake karibu naye. Miti yote ya Idda ilikuwa shambani, upande wa pili wa njia. Hapakuwa na mti wowote juu ya bati lile.